Lemuel Haynes: mchungaji mweusi aliyeisomea Marekani Azimio lake la Uhuru

Mzee wa Hati:

Wakuu, heshima kwenu.

Anapotajwa kiongozi wa kanisa aliyeandika juu ya dini na taifa katika siku za mwanzo za Marekani, jina linalotangulia ni la John Witherspoon, Mpresbiteri mzaliwa wa Uskoti, ambaye ndiye mchungaji pekee aliyekuwa kazini miongoni mwa watu 56 waliotia saini Azimio la Uhuru. Sina ugomvi naye, ingawa itafaa tukumbuke kwamba yeye naye alimiliki watumwa. Ila katika mwaka huo huo wa 1776, kijana wa Granville, Massachusetts, mwenye baba Mwafrika na mama mzungu, alishika kalamu akaandika insha ambayo kwa maoni yangu inalielewa Azimio hilo kuliko walivyolielewa wengi wa waliolitia saini. Huyo ni Lemuel Haynes.

Hoja ninayoileta hapa ni kwamba Haynes hakuandika kuomba huruma, wala hakuandika kama mgeni anayebisha hodi. Aliandika kama mwananchi aliyekwisha kubeba bunduki kwa ajili ya nchi yake, na kwa hiyo alijiona ana haki ya kuisomea maneno yake yenyewe na kuidai iyatimize. Uzalendo wake na Ukalvini wake, yaani imani ya Kiprotestanti inayofuata mafundisho ya John Calvin, ulikuwa kitu kimoja, na anayevitenganisha hatamwelewa.

Alizaliwa tarehe 18 Julai 1753 huko West Hartford, Connecticut. Wazazi wote wawili walimtelekeza, na akiwa na umri wa miezi 5 akapelekwa Granville kwa Shemasi David Rose, chini ya mkataba wa utumishi uliomfunga mpaka atimize miaka 21. Kisheria hakuwa mtumwa, lakini kutwa alikuwa shambani, na kusoma kulisubiri usiku, mbele ya mwanga wa moto.

Kuna kisa ambacho Timothy Mather Cooley, mchungaji aliyeandika maisha yake mwaka 1837, alikihifadhi. Jumamosi jioni ilikuwa desturi ya nyumba ya Rose kusoma mahubiri ya mtu mashuhuri ili kuikaribisha Jumapili, na kwa kuwa macho ya shemasi yalikuwa yamedhoofu, msomaji alikuwa Lemuel. Jioni moja kijana akapenyeza ndani ya kitabu karatasi za mahubiri aliyoyatunga yeye mwenyewe juu ya Yohana 3:3, habari ya kuzaliwa mara ya pili, akayasoma mpaka mwisho bila kusema lolote. Shemasi alipendezwa sana, akauliza ni ya nani, je, ni ya Whitefield, mhubiri maarufu wa zama zile? Lemuel akasita kidogo, ndipo akajibu kwamba yalikuwa mahubiri ya Lemuel.

Mkataba ulipokwisha mwaka 1774 alijiunga na wanamgambo wa mji, wale waliotakiwa kuwa tayari kutoka wakati wowote wanapoitwa. Baada ya mapigano ya Lexington ya Aprili 1775 alikwenda na wenzake kwenye mazingiwa ya Boston, na mwaka uliofuata akatumika katika ngome ya Ticonderoga. Mapigano hayo ya Lexington aliyatungia shairi refu, na chini ya kichwa cha shairi akajitambulisha kuwa ni kijana chotara ambaye elimu kidogo aliyo nayo ameipata kwa juhudi zake mwenyewe. Anasema humo kwamba uhuru ni zawadi ya Mungu, na kwamba waliolala kaburini wana heri kuliko aliyebaki hai akiwa mtumwa. Wakati ule kila mzalendo wa New England alikuwa akipiga kelele kwamba kodi za Uingereza zinamfanya mtumwa. Kinywani mwa mtu aliyelelewa chini ya mkataba wa utumishi, na ambaye watu wa rangi ya baba yake walikuwa wakiuzwa mnadani, neno hilo lilikuwa na uzito mwingine kabisa.

Naendelea na insha yenyewe hapo chini.

---

Mzee wa Hati:

Insha inaitwa, kwa tafsiri yangu, "Uhuru Uliopanuliwa Zaidi". Juu kabisa, kabla hajasema neno lake lolote, ameweka maneno ya Azimio la Uhuru: kwamba watu wote wameumbwa sawa, na kwamba Muumba amewapa haki zisizoweza kuondolewa, zikiwamo uhai na uhuru. Azimio lilikuwa bado jipya kabisa, na nchi ilikuwa katikati ya vita. Wapo wanaodhani kwamba kuligeuza Azimio liwe silaha dhidi ya utumwa lilikuwa wazo la karne ya 19, wakati huyu alilifanya wino ukiwa bado haujakauka vizuri.

Kisha anajenga hoja kama fundi mwashi, tofali juu ya tofali. Uhuru, anasema, Mungu aliupanda ndani ya mwanadamu tangu mwanzo, ni kito kilichotoka katika hazina ya mbinguni, kwa hiyo anayemnyang'anya mwenzake uhuru amejitwalia mamlaka ya Mungu, na ni juu yake yeye kuonyesha hati aliyopewa na Muumba. Tazameni ujanja wa hoja hii. Mzigo wa kuthibitisha ameuondoa kwa mtumwa na kumtwika bwana. Mwafrika, anasema, ana haki ya uhuru wake sawasawa na Mwingereza, na andiko lake ni Matendo 17:26, kwamba Mungu alifanya mataifa yote kutoka asili moja.

Halafu anazichukua hoja za watetezi wa utumwa moja baada ya nyingine. Kwa wanaosema Waafrika wako chini ya laana ya Kanaani, anajibu kwamba hakuna aliyethibitisha kuwa ni uzao wa Kanaani, na kwamba hata kama ni hivyo, kuja kwa Kristo kumeziondoa tofauti za namna hiyo. Wanaosema utumwa umewaleta Waafrika karibu na Injili anawajibu kwa Warumi 3:8, pale mtume anapowakataa wanaosema "Tufanye mabaya, ili yaje mema". Wanaotegemea 1 Wakorintho 7:21, ambapo mtume anamwambia aliyeitwa akiwa mtumwa asione ni vibaya, anawataka wasiishie katikati ya mstari, kwa sababu mtume anaendelea: "lakini kama ukiweza kuwa huru, afadhali kuutumia." Na juu ya hayo yote anaweka ile kanuni ya Mathayo 7:12, ya kuwatendea watu yale tunayotaka watutendee.

Habari za pwani ya Afrika Magharibi alizichota katika maandiko ya Anthony Benezet, Mkweka wa Philadelphia aliyekusanya ushahidi wa mabaharia na wafanyabiashara: vita vinavyochochewa ili wapatikane mateka, wazazi wanaotenganishwa na watoto, safari za merikebu. Haynes mwenyewe hakuwahi kuiona Afrika, na hajifanyi kwamba aliiona.

---

Nyota ya Bara:

Mkuu, ahsante kwa uzi huu. Nilipokuwa nasoma sehemu ya pili nilikuwa nikisema peke yangu: mkuki kwa nguruwe mtamu, kwa binadamu mchungu. Watu wanamwaga damu wakimkataa Mfalme George kwa sababu anawafanya watumwa, na wakati huo huo nyumbani mwao mna watumwa.

Swali langu ni kuhusu insha yenyewe. Kama ilikuwa na nguvu hivyo, ilipokelewaje ilipotoka? Kulikuwa na waliomjibu?

---

Mzee wa Hati:

Ndugu yangu, umegusa palipo na kidonda. Haikutoka. Ilibaki mswada wa mkono, na dunia haikuisoma mpaka mwaka 1983, mwanahistoria Ruth Bogin alipoichapisha baada ya kuikuta katika maktaba ya Chuo Kikuu cha Harvard. Shairi la Lexington nalo alilitoa miaka 2 baadaye. Zaidi ya karne mbili, waliomjua Haynes walimjua kwa mahubiri yake tu.

Kwa nini hakuichapisha? Nitasema ninavyofikiri, na yeyote aliye na hoja tofauti ailete. Mwaka 1776 alikuwa na miaka 23, hajawa mchungaji, hana shule wala mfadhili, na tahajia ya mswada inaonyesha mtu aliyejifunza kuandika mwenyewe. Kuchapisha kijitabu kulihitaji fedha au jina, naye hakuwa na kimojawapo. Baada ya hapo njia yake iligeuka. Alisoma Kilatini na Kigiriki kwa wachungaji wa Connecticut, akapata kibali cha kuhubiri mwaka 1780, na mwaka 1785 akawekewa mikono katika kanisa la Kikongregeshenali, mtu mweusi wa kwanza Marekani kupata daraja hilo katika dhehebu kubwa la Kiprotestanti. Mwaka 1783 alikuwa amemwoa Elizabeth Babbit, mwalimu mzungu, na inasemekana mwanamke ndiye aliyeanza kutamka neno la ndoa.

---

Mwalimu Mstaafu:

Naomba nipinge kidogo, kwa heshima zote. Mzee wa Hati anampamba sana mtu wake. Tunamzungumzia mchungaji aliyehudumia waumini wazungu kwa miaka 30 huko Rutland, Vermont, kuanzia 1788, ambaye maandiko yake yaliyochapishwa, kwa sehemu kubwa, ni ya kutetea jehanamu na serikali. Insha ya utumwa ameifungia kabatini. Hotuba iliyomfanya maarufu mwaka 1805 ni ya kumdhihaki mhubiri mwenzake. Uzalendo wa namna hiyo hata mwenye shamba la watumwa asingeuogopa. Mbona akiwa na mimbari, jina na mchapishaji hakuitoa ile ya 1776?

---

Kibatali:

Mwalimu, na mimi nilikuwa nataka kuuliza hivyo hivyo, ila kwa upande mwingine. Nimewahi kusoma kwamba Haynes alikuwa mfuasi wa chama cha Wafederali, yaani upande wa Washington na Adams, marais wawili wa kwanza, akimpinga Thomas Jefferson, rais wa tatu. Mtu mweusi anawezaje kuwa upande wa matajiri na wenye nchi? Na hiyo hotuba ya 1805 ilikuwa ya nini hasa?

---

Mzee wa Hati:

Nianze na swali jepesi la dada yangu Kibatali. Mwaka 1805 Hosea Ballou, mhubiri maarufu wa fundisho la kwamba watu wote wataokolewa mwishoni, alihubiri Rutland, na Haynes akaombwa aseme neno baada yake. Akasimama bila karatasi, akachukua Mwanzo 3:4, "Hakika hamtakufa", akaanza kueleza sifa za mhubiri wa kwanza wa fundisho hilo: kwamba ni mhubiri wa zamani sana, mwenye bidii, asiyechoka kusafiri, na mwenye kuwapendeza wasikilizaji. Huyo mhubiri ni nyoka wa Edeni. Watu waliicheka na kuinunua kwa muda mrefu; ilichapishwa zaidi ya mara 70. Ballou alijibu kwa maandishi, mabishano yakaendelea. Mimi mwenyewe naona hotuba hiyo ina ukali uliopita kiasi kwa mgeni aliyekaribishwa, ila kama kazi ya kejeli ni fundi kabisa.

Sasa nakuja kwenye hoja ya Mwalimu, ambayo ndiyo nzito. Jehanamu ya Haynes na uhuru wa Haynes vinatoka kwenye chungu kimoja. Mkalvini anaamini kwamba moyo wa mwanadamu umeharibika, kwamba mtu akipewa nguvu juu ya mwenzake bila sheria ya kumzuia ataitumia vibaya. Kwa macho hayo, bwana wa watumwa ni mtu aliyewekwa juu ya wenzake bila sheria inayomfunga, na asiyeamini hukumu ya mwisho amemwondolea hata ile hofu moja iliyobaki. Ndiyo maana Haynes aliwapenda Wafederali. Mahubiri yake ya mwaka 1798, kuhusu namna serikali inavyoisaidia dini, yanasimama juu ya Zaburi 11:3, "Kama misingi ikiharibika, Mwenye haki atafanya nini?" Yalitolewa wakati Marekani na Ufaransa zinavutana baharini, na wachungaji wa New England wanaona mapinduzi ya Ufaransa kama moto unaokuja. Upande wa pili alikuwa Jefferson, na chama chake kilikuwa na mizizi Virginia, nchi ya mashamba ya watumwa. Kwa mweusi wa Vermont, jimbo ambalo katiba yake ya 1777 ilikuwa imepiga marufuku kumfanya mtu mzima mtumwa, "utawala wa watu" uliohubiriwa na wenye watumwa haukuwa na mvuto. Hapo sioni fumbo lolote.

Na si kweli kwamba alinyamaza. Tarehe 4 Julai 1801, nchi ikitimiza miaka 25 ya uhuru, Rutland ilimpa yeye nafasi ya kuzungumza, na hotuba ikachapishwa ikiwa na kichwa kinachohusu asili na umuhimu wa jamhuri ya kweli. Andiko lake ni Luka 22:26, "aliye mkubwa kwenu na awe kama aliye mdogo". Katikati ya sifa za taifa na za Washington, anawageuzia uso Waafrika maskini walio miongoni mwao na kuuliza ni nini kilichowafikisha kwenye hali ya chini namna ile. Je, ni tofauti ambayo Mungu aliiweka katika maumbile yao? La, anajibu, ni utumwa, chini ya mikono katili ya wadhalimu, uliowafundisha kujiona kuwa viumbe wa daraja la chini kuliko wengine. Jefferson alikuwa amekaa Ikulu miezi 4 tu, na ni yeye aliyekuwa amechapisha katika miaka ya 1780 dhana yake kwamba weusi huenda ni duni kwa asili. Haynes hamtaji, lakini msikilizaji makini hakuhitaji kutajiwa.

---

Nyota ya Bara:

Hiyo ya 1801 inajibu nusu ya swali la Mwalimu. Nusu nyingine je? Sentensi chache ndani ya hotuba ndefu ya sikukuu si sawa na insha nzima.

---

Mzee wa Hati:

Basi pokea ya 1813. Marekani ilikuwa vitani tena na Uingereza, na Rais Madison alisema sababu mojawapo kubwa ni mabaharia wa Kimarekani wanaokamatwa na jeshi la majini la Uingereza na kulazimishwa kutumika. Siku ya kuzaliwa Washington, tarehe 22 Februari, Haynes alihutubia huko Brandon, Vermont, kwa andiko la Warumi 12:9, "Pendo na lisiwe na unafiki". Akasema anafurahi kwamba Rais anaweza kuwaonea uchungu mabaharia wale. Kisha akaitaja Virginia, jimbo la Rais mwenyewe, na kutoa idadi ya watu waliokuwa wameshikiliwa humo utumwani maisha yao yote kufikia mwaka 1800: zaidi ya 340,000. Mbele ya hadhara, nchi ikiwa vitani, mtu mweusi anamwambia Rais aliye madarakani kwamba huruma yake ina mipaka ya rangi. Mwalimu, mwenye shamba la watumwa angeogopa au asingeogopa, hilo nakuachia wewe.

Tena tusisahau alikuwa akizungumza na watu gani. Cooley anasimulia juu ya mtu mmoja wa Torrington, Connecticut, aliyekwenda kanisani akiwa amekusudia kumdharau mhubiri, akaketi na kofia kichwani. Haynes alipoanza kuhubiri, mtu huyo akaitupa kofia yake chini ya benchi, na baadaye akaeleza kwamba alihisi kama anamwona mimbarini mtu mweupe kuliko wote aliowahi kuwajua. Alikusudia kusifu! Sifa ya aina hiyo Haynes aliishi nayo zaidi ya miaka 40, na naona ni muujiza kwamba hakuacha kuhubiri.

Rutland walimwondoa mwaka 1818. Siasa za Kifederali zilikuwa zimekwisha kupoteza wafuasi, na vita vile na Uingereza, vilivyoanza 1812, vilikuwa vimeacha kinyongo, kwa hiyo maneno ya 1813 hayakumsaidia. Katika mahubiri ya kuaga alihesabu hotuba zipatazo 5,500 alizozitoa katika mji huo, zikiwamo mazishi 400. Inasimuliwa kwamba baadaye alisema watu wa Rutland ni werevu sana, maana baada ya miaka 30 waligundua kwamba yeye ni mweusi, wakamfukuza.

Kutoka hapo akaenda Manchester, Vermont, na kisha mwaka 1822 akahamia Granville, jimbo la New York, alikofariki tarehe 28 Septemba 1833. Huko Manchester alikutana na kesi ya ndugu wawili wa ukoo wa Boorn, waliohukumiwa kufa kwa kumuua shemeji yao, Russell Colvin. Haynes alimtembelea gerezani Stephen, yule ambaye hukumu yake ya kunyongwa ilibaki, akaamini kwamba hana hatia. Wiki chache kabla ya siku iliyopangwa ya kumnyonga Stephen, Colvin akaletwa mjini akiwa mzima kutoka New Jersey. Haynes akaihubiri habari hiyo na kuichapisha mwaka 1820, na kwa mtu aliyeamini kwamba mahakama za wanadamu nazo zimeharibika kama mioyo yao, ilikuwa nafasi isiyohitaji chumvi.

---

Mwalimu Mstaafu:

Ya 1813 sikuwa nayo, na nakiri ina meno. Hata hivyo bado nasimama palepale kwa jambo moja. Hotuba ya 1801 na ya 1813 zinautaja utumwa ili kukipiga chama pinzani, wakati insha ya 1776 inaupinga utumwa wenyewe, popote ulipo, hata Connecticut na Massachusetts, hata kwa mashemasi. Kuna tofauti kati ya kumshitaki Rais wa Virginia mbele ya Wafederali wa Vermont, ambao watakupigia makofi, na kumshitaki jirani yako wa benchi la mbele. Ya pili aliiandika, hakuihubiri. Mzee wa Hati akitaka kunishawishi kabisa, alete mahubiri aliyoyatoa Rutland kwenyewe ambamo waumini wake wenyewe waliguswa na hoja ile ya kwanza, ya kwamba anayemnyima mwenzake uhuru ndiye anayepaswa kuonyesha hati kutoka kwa Muumba.

---

Kibatali:

Mwalimu, Vermont utumwa ulikuwa umekwisha kukatazwa, kwa hiyo benchi la mbele la Rutland halikuwa la mabwana wa watumwa kama lile la Connecticut. Lakini swali lako ni zuri. Mwenye maandishi kamili ya hotuba ya 1813 ayaweke hapa, tuyasome mstari kwa mstari kabla hatujaamua anampiga Madison peke yake au anawapiga na waliokuwa wakimsikiliza.